Mtandao wa Chumbani: Kuweka Seva ya Gemu Bila Bando

(Mhadhara uliotolewa kwa vijana, walimu na wazee, Chake Chake, Pemba)

Assalaamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Wazee wangu mlioketi mbele, shikamooni. Walimu, ahsanteni kwa kutufungulia chumba hiki baada ya Isha. Na nyinyi vijana mliojaa mpaka dirishani, sogeeni ndani, na wenzenu waone.

Nianze na neno tunalolitumia kila siku. Tunasema "mtandao hakuna". Bando limekwisha, mtandao hakuna. Mnara umezima, mtandao hakuna. Basi kijana anafunga kompyuta yake anatoka barazani. Nduguye yuko chumba cha pili, naye ana kompyuta, naye kaifunga kwa sababu hiyo hiyo. Kompyuta mbili zimetenganishwa na ukuta mmoja, na hazisemezani kwa kuwa bando limekwisha! Neno limetupoteza hapo. Kompyuta zikiunganishwa zikasikilizana, hata zikiwa mbili, huo ni mtandao. Intaneti ni mtandao mkubwa kuliko yote, lakini ni mmoja tu katika mitandao.

Mnakumbuka Mei 2024. Tarehe 12 ya mwezi ule nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na Seacom, zilikatika huko kusini, baina ya Msumbiji na Afrika Kusini, na Tanzania ikawa katika nchi zilizoumia sana. Siku ile kwangu walikuwapo vijana sita, wamekuja kucheza. Mmoja akatazama simu yake, akasema, "Mjomba, leo hapachezeki, mtandao hakuna." Nikamwambia akae, awashe kompyuta. Walicheza mpaka wakaitwa kwao. Waya waliokuwa wakiutumia ulikuwa na urefu wa mita nne, na ulikuwa chini ya meza yangu.

Sasa seva ni nini? Wengi hapa wanadhani ni kompyuta kubwa, ghali, iliyoko Ulaya. Tazameni dhumna. Wachezaji wanne, kila mmoja kashika zake, wenzake hawazioni. Lakini kete ikishapigwa pale mezani, imekuwa ya wote, na hakuna wa kubisha. Seva ni ile meza. Ni programu inayoshika hesabu: nani yuko wapi, nani kapiga, nani kapigwa. Kompyuta ya mchezaji inapeleka habari, "nimesogea, nimepiga", seva inaamua, kisha inawarudishia wote jawabu moja. Gemu ya Doom ilipotoka mwaka 1993, watu wanne walikuwa wakichezeana kwenye mtandao wa ofisi, lakini meza ya namna hii haikuwapo: kila kompyuta ilihesabu mwenyewe na kungoja habari za wenzake, kwa hiyo moja ikizubaa wanazubaa wote. Quake ya mwaka 1996 ndiyo iliyokwenda kwa seva. Nayataja haya makusudi, vijana. Magemu ya pamoja hayakungoja intaneti ifike majumbani ndipo yazaliwe. Yalikulia katika vyumba kama hiki.

Na meza ikiwa mbali? Hapo ndipo gemu inapoganda. Habari zinasafiri kama mwanga ndani ya nyaya za kioo, yaani faiba, na mwanga huo unakwenda kiasi cha kilomita 200,000 kwa sekunde. Ni mbio kubwa, lakini kutoka hapa mpaka London ni zaidi ya kilomita 7,000 kwa mstari ulionyooka, na kwenda na kurudi ni 14,000. Yaani milisekunde 70 (milisekunde elfu moja ni sekunde moja) zimekwenda kwa safari peke yake, hata njia ingekuwa nyoofu na tupu. Na nyaya za baharini hazinyooki, zinazunguka na pwani, halafu kila kituo nacho kinachukua chake. Ndiyo maana unampiga mtu, unamwona kabisa kapigwa, kisha unakufa wewe. Hukukosea shabaha. Ulikuwa unatazama yaliyokwisha kupita. Lakini seva ikiwa chumba hiki hiki, jawabu linarudi chini ya milisekunde moja, na hiyo huipati kwa kununua bando kubwa zaidi.

Tuje kwenye kazi yenyewe. Kijana akiniita nimsaidie, aghlabu kanunua kompyuta nzuri na waya mbovu. Mimi nasema kinyume chake. Kompyuta ya seva iwe yoyote, hata ya zamani yenye ramu, yaani kumbukumbu ya kazi, ya gigabaiti 4, ukaitia Linux, mfumo wa bure wa kuendeshea kompyuta, inatosha kabisa kwa watu wanane au kumi wa magemu nitakayoyataja. Waya ndio usiufanyie ubahili.

Huu hapa ni waya niliopewa na muuzaji kuwa ni shaba tupu. Mpisheni mwenzenu, upitisheni mkono kwa mkono. Nimeukwaruza kwa kisu hapa nchani: juu wekundu, ndani mweupe. Ni alumini iliyopakwa shaba. Ukiukunja mara mbili tatu unakatika ndani na nje huoni kitu, kisha gemu inakatika kila dakika tano na wewe unalaumu seva. Kabla hujalipa, omba kipande ukikwaruze. Atakayekataa, nenda duka la pili.

Mwalimu, nipe ile koleo ya kubania vichwa vya waya, vile vya plastiki vinavyochomekwa. Asante. Waya wa mtandao una nyuzi nane, jozi nne, na kila jozi imesokotwa. Msokoto ule ndio unaozuia makelele ya jozi moja yasiingie kwenye nyingine, basi usiufungue zaidi ya sentimita moja na kidogo. Naona mafundi wanafungua kidole kizima ili iwe rahisi kupanga! Mpango ni huu, kutoka kushoto, meno ya kichwa yakikutazama na mdomo wa waya ukiwa chini: nyeupe ya chungwa, chungwa, nyeupe ya kijani, buluu, nyeupe ya buluu, kijani, nyeupe ya kahawia, kahawia. Mtazame kijani: buluu imeingia katikati yake, na hapo ndipo wanaoanza wanapokosea. Pande zote mbili mpango uwe mmoja. Kata nyuzi sawasawa, sukuma mpaka uone shaba imegusa mwisho wa kichwa, na ganda la nje nalo liingie ndani libanwe, kisha kaza koleo kwa nguvu. Waya mmoja usipite mita 100.

Na sisi watu wa pwani tuna adui wetu, upepo wa chumvi. Kichwa cha waya kikikaa mwaka dirishani huota kutu ya kijani kwenye meno. Kikate, weka kipya. Ni kazi ya dakika tano.

Waifai nitaipitia haraka. Inafanya kazi, lakini kwenye chaneli moja anasema mmoja, wengine wananyamaza, kisha mwingine. Watu wawili watatu haidhuru. Wakiwa wanane wanapigania zamu, na gemu ya kupigana risasi haitaki zamu. Ndugu zetu wa Mji Mkongwe wana taabu zaidi, maana kuta zile nene za mawe na chokaa zinaimeza kabisa. Swichi, kisanduku cha kuunganishia waya za kompyuta, hata ndogo yenye matundu manane, inampa kila mmoja njia yake. Chukua ya kasi ya gigabiti moja kwa sekunde: gemu yenyewe haihitaji kasi yote hiyo, lakini kunakili gemu kutoka kompyuta moja kwenda nyingine kunaihitaji. Mmoja apakue kwa bando lake mara moja, waliobaki wanakili kwa waya. Gigabaiti moja ni sekunde kumi hivi.

Sasa anwani. Kila kompyuta lazima iwe na namba, na za majumbani mara nyingi zinaanza 192.168. Ruta, kile kisanduku kinacholeta intaneti na waifai nyumbani, ndiyo inayozigawa yenyewe. Hapa nina kisa. Sikukuu moja ya Idd nilifunga kompyuta nane, taa za swichi zote zinawaka, nne zinaiona seva na nne haziioni. Nikabadilisha waya. Nikaitia seva upya. Vijana wamevaa nguo zao mpya za sikukuu wananitazama, na mimi jasho linanitoka, saa mbili nzima. Mwisho nikaona waya mmoja umetoka kwenye swichi ukaenda nyuma ya kabati. Nikaufuata. Kijana mmoja alikuwa kaja na ruta yao ya nyumbani, kaichomeka aongeze waifai, na wala hakusema. Ruta mbili, zote zinagawa namba! Moja inatoa za 192.168.0, nyingine za 192.168.1. Walikuwa chumba kimoja na mitaa miwili. Nilipoichomoa na kila mmoja akaizima kompyuta yake na kuiwasha, wote wakaingia.

Tangu siku hiyo jambo la kwanza ni kuuliza: mgawaji ni nani, na je, yuko peke yake? Kisha seva naipa namba ya kudumu nje ya zile anazogawa ruta, kwa mfano 192.168.1.10, na naiandika kwa chaki ukutani. Kila anayekuja anaipigia pingi kwanza, yaani anaibishia hodi kwa namba hiyo aone kama inaitika. Jawabu likirudi, ndipo afungue gemu.

Pingi ikirudi na gemu ikakataa, tazama mlango. Kila gemu ina namba ya mlango wake kwenye seva: Luanti ni 30000, Xonotic, ya kupigana risasi, 26000, OpenTTD 3979, na 0 A.D., ya majeshi ya kale, ni 20595. Mlinzi wa kompyuta, yaani faiwoli, huwa kaufunga mlango huo. Ifungulie gemu hiyo tu, usimfukuze mlinzi. Na wote wawe na toleo moja la gemu, hapo hakuna mjadala. Haya manne nimeyachagua kwa sababu ni ya bure kwa halali, hayataki akaunti wala kibali cha intaneti kila unapoyafungua. Kwa watoto wadogo ningeanza na Luanti, wajenge pamoja. Mimi mwenyewe naipenda OpenTTD, kuendesha mabasi na meli, ila vijana wananiambia ni gemu ya wazee.

Mzee mmoja aliniuliza mlangoni, kwa wasiwasi wake wa haki, watoto watacheza na nani. Mzee wangu, watacheza na hawa unaowaona. Hakuna mgeni wa kuwaandikia usiku, hakuna fedha inayowekwa, na seva ina mwenyewe. Kwangu inazimwa adhana ikiadhiniwa, na inazimwa saa tatu usiku. Mlango wa intaneti huwezi kuufunga namna hiyo, huu waweza.

Limebaki la umeme. Umeme ukikatika, laptopu zinaendelea kwa betri zao, lakini swichi imekufa, seva imekufa, na mchezo umekwisha. Kwa hiyo betri ya akiba, kama unayo moja tu, mpe swichi na ruta, ambazo zinakula wati chache mno. Na seva? Tafuta laptopu iliyopasuka kioo. Ziko nyingi kwa mafundi, watu hawazitaki. Seva haitaki kioo baada ya siku ya kwanza, na betri ya ile laptopu, hata ikibakiwa na nusu saa, inavuka kukatika kwingi. Hii hapa mezani ni ya namna hiyo, kioo kimepasuka kutoka pembe mpaka pembe, na ndiyo itakayotuchezesha sasa hivi.

Wanane wa kwanza, kaeni. Namba ipo ubaoni. Na wewe mwalimu, tafadhali, kabla hawajaanza, chomoa ule waya wa intaneti unaoingia kwenye ruta. Ruta yenyewe iache iwake, maana ndiyo mgawaji wetu.