Mtama na Kunde Kabla ya Pilau

Ndugu zangu wapishi, asanteni kwa kunikaribisha. Leo nazungumzia sahani moja tu: saladi baridi ya mtama na kunde, ya kufungulia mlo kabla pilau haijapakuliwa. Haina nyama wala samaki. Nimeichagua kwa sababu kwenye sherehe zetu mgeni asiyekula nyama huishia kupewa wali mtupu na kachumbari, na mchango ametoa sawa na wenzake. Hilo linaniuma.

Umoja wa Mataifa uliutangaza mwaka 2016 kuwa mwaka wa kimataifa wa jamii ya kunde, na 2023 ukawa wa uwele, ulezi, mtama na jamaa zake. Kwenye meza zetu za harusi sijaona kilichobadilika. Na vitu tunavyo! Dodoma na Singida zinalima mtama, kunde na alizeti, mazao yanayovumilia mvua haba.

Chagueni mtama mweupe. Ule mwekundu mara nyingi una tanini nyingi, na ukali wake mtausikia ulimini hata mkiukamulia ndimu kumi. Pepeteni, chagueni mawe, loweka usiku kucha. Asubuhi mwaga maji hayo, weka mapya, kikombe kimoja cha mtama kwa vikombe vitatu vya maji, chemsha kama saa moja. Msiutazame kwa macho tu, tafuneni punje. Inatakiwa iwe laini hadi katikati lakini bado inakinza jino kidogo.

Kunde zichemsheni kwenye sufuria yake. Hapa ndipo wengi tunapoharibu, maana mkono umezoea makande, kila kitu chungu kimoja. Makande yanataka rojo. Saladi inataka punje zilizoachana, na kunde zilizolowekwa huiva mapema kuliko mtama. Ukizichanganya, mtama ukiiva kunde zimeshapasuka na kuwa uji. Zikianza kulainika, kaeni karibu na jiko. Chota moja, ibonyeze kwa vidole viwili: ikibonyea na ganda likabaki zima, epua hapohapo, chuja, tandaza kwenye sinia pana pamoja na mtama ili mvuke utoke.

Ndimu isiingie sufuriani hata tone. Asidi hulikaza ganda la kunde, na mtachemsha hadi gesi iishe. Lakini zikishatandazwa siniani, bado zina uvuguvugu, hapo sasa nyunyizieni ndimu, chumvi na mafuta ya alizeti, kwa sababu punje yenye joto hunyonya ladha na iliyopoa huiacha ikielea juu.

Kitunguu maji kikatwe chembamba, kifikichwe kwa chumvi, kisuuzwe, kikamuliwe kabisa. Halafu hoho, karoti ya kukwaruza, tango lililotolewa mbegu, na kotimiri nyingi, msione uchoyo. Nyanya iingie dakika ya mwisho, la sivyo itatoa maji yote.

Mama mmoja hapa mbele ameuliza kama anaweza kutumia maharage mekundu. Anaweza, ila ayaloweke saa tano au zaidi, amwage maji, kisha yachemke kwa nguvu si chini ya dakika 10 kabla ya kupunguza moto. Maharage mekundu mabichi yana sumu iitwayo lektini, na moto mdogo usiofikia kuchemka hauiondoi. Kunde hazina shida hiyo kwa kiwango kile.

Jambo la kushikilia kuliko yote ni muda. Nafaka iliyopikwa ikikaa kwenye joto, vijidudu vya Bacillus cereus huamka na kutoa sumu ambayo kupasha moto hakuiondoi. Kwa hiyo ikishapoa iende kwenye friji ndani ya saa mbili, na itoke wageni wakishakaa. Sherehe zetu huchelewa, mnajua wenyewe. Isitangulie mezani kumsubiri bwana harusi.

Kuhusu lishe, mtama una upungufu wa laisini, kijenzi kimoja cha protini ambacho mwili unakihitaji, kunde zinayo, basi zinakamilishana. Vitamini C ya ndimu na hoho husaidia mwili kufyonza madini ya chuma yaliyomo humo. Chai ya rangi hufanya kinyume, kwa hiyo ingoje mlo uishe.

Pakueni kidogo, vijiko vitatu au vinne kwenye kibakuli, mgeni abaki na nafasi ya pilau au, kama hali nyama, ya wali wa nazi na mchicha. Masinia yenye mtama na kunde yako kule nyuma, bado yana uvuguvugu. Naweni mikono, tukakate vitunguu.