Kwa Nini Vilindi vya Tanganyika Having'ai

Shikamooni wazee, habari zenu vijana.

Usiku usio na mbalamwezi, ukisimama Kibirizi, ufukweni Kigoma, unaona taa za wavuvi wa dagaa zimetapakaa ziwani. Mmeuliza kama chini yake wapo samaki wenye taa zao wenyewe, kama wale wa baharini. Hawapo.

Kiumbe huwaka pale kemikali iitwayo lusiferini inapoungana na oksijeni. Hata konyeza (mnyama laini wa baharini kama jeli) Aequorea victoria, aliyemfikisha mwanakemia Osamu Shimomura kwenye Tuzo ya Nobel mwaka 2008, protini yake huwaka ikikutana na kalsiamu kwa sababu imekwisha kujiwekea akiba ya oksijeni. Sasa ziwa letu lina kina cha mita 1,470, lakini oksijeni huishia kati ya mita 100 na 200 hivi. Maji ya juu ni ya vuguvugu na mepesi, yanaelea juu ya yale ya baridi, na kusi hata ivume vipi haiyakorogi mpaka chini. Baharini, maji ya baridi ya karibu na ncha za dunia huzama na oksijeni yake, yakaisambaza vilindini.

Lakini hata tabaka letu la juu lenye hewa haling'ai. Viumbe wa maji baridi wanaowaka ni adimu mno. Anayejulikana zaidi ni Latia, konokono wa mito ya New Zealand.

Huko baharini, kazi ngumu ya watafiti ni kumfikisha mnyama juu akiwa bado na mwanga. Wavu ukivutwa haraka, wanyama husuguana na kumaliza mwanga wao njiani, kisha mtafiti anaandika kwamba hawawaki. Maji ya chini kabisa yana nyuzi 4 hivi, hivyo joto la juu nalo huwaua. Kopo la mwisho wa wavu liwe na kuta nene za kutunza ubaridi, lifungwe huko huko chini, lipandishwe polepole, na lifunguliwe gizani kwa taa nyekundu hafifu.

Nyekundu, kwa kuwa wengi wao huona buluu tu, rangi ipenyayo mbali zaidi baharini. Mwaka 2012, karibu na visiwa vya Ogasawara, Japani, mtafiti wa bahari Edith Widder alishusha kamera yenye taa nyekundu pamoja na chambo cha taa za buluu zilizomwiga konyeza Atolla, na ngisi mkubwa akaja. Wavuvi wa dagaa mnaielewa mbinu hiyo ya chambo cha taa. Ila kwa samaki Malacosteus taa nyekundu haifai: yeye ana taa nyekundu yake mwenyewe, na anaiona.