Siku niliyoitikia marahaba isiyo yangu

Jamani karibuni, mliosimama nyuma sogeeni mbele viti vipo.

Nianze na dada mmoja anaitwa Roberta Breitmore, ambaye hajawahi kuzaliwa. Miaka ya 70 mwanzoni kule San Francisco, Marekani, msanii Lynn Hershman Leeson alivaa wigi, akajichora sura nyingine kwa mekapu, akawa Roberta, na sio Roberta wa jukwaani kwamba saa moja imeisha watu wapige makofi warudi makwao, hapana, huyu alitoa tangazo gazetini anatafuta mtu wa kuishi naye, akakutana na waliojibu, akapata leseni ya udereva, akafungua akaunti benki, mpaka kwa daktari wa akili alienda. Baadae Lynn akawavalisha wanawake wengine watatu, nao wakawa Roberta. Mwaka 1978 ndo wakampunga, huko Ferrara, Italia, kwenye kaburi la Lucrezia Borgia, mke wa mtawala wa zamani wa mji huo. Nasema kumpunga kwasababu neno lake ndo hilo, kama mtu anavyopungwa pepo.

Sasa mimi nilipomsoma huyu mama nikajiuliza, je hapa Dar mtu wa kubuni anahitaji nini ili awepo? Leseni? Kiukweli hapa kwetu makaratasi yanakuja mwisho kabisa. Hapa unakuwepo pale mtu anapokusalimia. Akikwambia mambo, wewe ni rika lake, akikwambia shikamoo tayari kashakupa umri na heshima na wajukuu juu, hata kama hakujui jina.

Kwahiyo nikatengeneza bibi. Mimi nina miaka 31. Nilichukua kanga doti moja iliyopauka, ndala, kikapu cha ukili, nikajipaka unga kidogo kwenye nyusi, nikafanya mazoezi ya kutembea wiki tatu. Bibi yangu mzaa mama aliniona nafanya mazoezi uani akaniita akaniambia, "Mjukuu wangu, mzee hayumbiyumbi hivyo, mzee anapima chini kwanza ndo anakanyaga." Akanyanyuka akanionyesha, vidole vya mguu vinatangulia vinagusa sakafu kama vinauliza njia, halafu ndo uzito unafuata. Hapo ndo nikajua nilikuwa naigiza uzee wa kwenye vichekesho, sio wa mtu.

Nikapanda daladala Mbagala Rangi Tatu asubuhi. Siku zote makonda wa pale wananiita sista, "sista ingia ndani nafasi ipo," na mkono mgongoni ananisukuma. Siku hiyo konda alinishika kiwiko, akagonga bodi mara mbili, "subiri dereva, mzee anapanda," na kijana mmoja mwenye earphone masikioni akanyanyuka bila kuambiwa. Nikakaa. Nilikuwa na furaha sana yaani, nikasema kazi imekubali.

Halafu akapanda baba mmoja ana ndevu nyeupe, kavaa baraghashia, nadhani wa miaka 60 hivi, akasimama karibu yangu akaniinamia, "Shikamoo mama."

Koo likakauka. Nikaitikia marahaba, ningefanyaje, lakini mkono wangu kwenye kikapu ulikuwa unatetemeka na safari hii sikuwa naigiza. Wale waliojibu tangazo la Roberta walidanganywa jina tu na sura, mimi nilichukua kitu ambacho yule baba alifundishwa na wazazi wake kuwapa wakubwa, akanipa mimi ninayelingana na wanae. Nilishuka Mtongani kabla ya safari yangu kuisha.

Tangu hapo bibi sijampandisha tena daladala. Sijamuua pia, maana naamini bado ana kazi ya kufanya, ila nimeanza upya na kina mama wazee wa mtaani kwetu, tunakaa barazani wananirekebisha sauti, mkao, hadi namna ya kufunga kanga kiunoni, na safari hii watu watajua kabla kwamba huyu amebuniwa, waamue wenyewe wamsalimie au wasimsalimie. Kikapu chenyewe ndo hiki, naomba kipite mkono kwa mkono, anayetaka kujaribu ile hatua ya bibi avue viatu aje hapa mbele.