Ulimi Mzito na Kituo Kilichonipita

Mabibi na mabwana, mmenisikia nilivyokwama kwenye jina langu, na pengine baadhi yenu mlitamani kunimalizia. Kwa mwenye kigugumizi jina ni neno gumu kuliko yote, kwa sababu maneno mengine anaweza kuyakwepa, ilhali jina halina kisawe.

Kigugumizi aghalabu huanza kati ya umri wa miaka 2 na 5, na watoto wengi hupona. Tunaobaki nacho ukubwani ni takriban mtu 1 katika kila 100, wengi wetu wanaume. Urithi na namna ubongo unavyoratibu usemi vina sehemu kubwa, wala akili haina upungufu. Chuoni, kwenye madrasa ya Kurani, tuliposoma sura kwa pamoja, ulimi wangu ulitiririka kama wa wenzangu. Mwalimu aliponiita nisome peke yangu, aya ileile niliyoihifadhi ilinikwama kooni.

Basi nikawa hodari wa kujificha. Nikihofia "pesa" nilisema "hela", nikihofia "barabara" nilisema "njia", na watu wakanisifu kwa Kiswahili kipana, kumbe msamiati ule ulikuwa maficho. Siku moja ndani ya daladala neno "shusha" lilikataa kutoka. Vituo viwili vikapita, nikashuka aliposhuka abiria mwingine, nikarudi kwa miguu juani. Njiani nilipiga hesabu: kukwama kungenigharimu sekunde chache, kuficha kumenigharimu nusu saa.

Kila alfajiri nilikuwa nikiomba dua ya Nabii Musa iliyomo katika Sura Taha, ya kufunguliwa fundo la ulimi. Mimi si mfasiri, lakini ilinichukua miaka kuzingatia jinsi dua ile inavyoendelea: wapate kufahamu maneno yangu. Aliomba aeleweke. Mimi nilikuwa nikiomba nisitambulikane.

Tangu hapo, kila kikao naanza kwa kutaja kwamba nina kigugumizi, na mazoezi ya usemi sikuyaacha. Mojawapo, ambalo mwanzoni nililiona la kichekesho, ni kukwama kwa makusudi mbele ya watu ili hofu ipungue. Siku hizi kituo kikikaribia nasema "shu-shu-shusha"; kondakta hugonga bodi, abiria wawili watatu hugeuka kunitazama, nami nashuka ninapokwenda.