Kutoka Kharkhorin hadi Mawe ya Waturuki: Siku ya Baiskeli Katika Nyika ya Mongolia

BARAKA: Karibuni tena wapenda baiskeli. Leo niko na dada Zuhura, ambaye tangu arudi kutoka Mongolia amekuwa akinipa habari kidogo kidogo, na mimi nimechoka kudokezewa. Dada, leo utupe siku nzima, kuanzia asubuhi.

ZUHURA: Asante, mdogo wangu. Nianze na mahali penyewe. Mongolia imebanwa kati ya Urusi na China, haina bahari, na ina zaidi ya kilomita za mraba milioni 1.5. Ni kubwa kuliko Tanzania kwa zaidi ya nusu, lakini watu wake ni kama milioni 3.5 tu, na karibu nusu yao wamejazana Ulaanbaatar, mji mkuu. Sasa toka hapo mjini, nenda magharibi zaidi ya kilomita 300, utafika mji mdogo unaoitwa Kharkhorin, kwenye bonde la mto Orkhon. Sisi tulianzia pale.

BARAKA: Kwa nini pale? Nyika si imejaa kila upande?

ZUHURA: Imejaa, ndiyo. Lakini bonde la Orkhon lina watu na lina historia. UNESCO waliliingiza kwenye urithi wa dunia mwaka 2004, na sababu yao ilikuwa hiyo hiyo: wafugaji wanaohamahama wameishi pale karne baada ya karne, na bado wapo. Karakorum, mji mkuu wa dola ya Wamongoli, ulikuwa pale. Ögedei, mwana wa Genghis Khan, aliuzungushia ukuta mwaka 1235. Mji ukaja kufa, na mwaka 1586 ikajengwa monasteri ya Kibudha, Erdene Zuu, kwa mawe ya magofu ya mji ule. Tulikutana nje ya ukuta wa monasteri hiyo saa mbili asubuhi, tukajaza upepo.

BARAKA: Umenigusa pangu. Baiskeli gani?

ZUHURA: Baiskeli ya mlimani, shokapu za mbele peke yake, magurudumu ya inchi 29, tairi za tyublesi, yaani zisizo na tyubu, zenye gundi ndani ya kuziba matundu. Mwongozaji alipita kila baiskeli akatoa upepo kiasi, maana tairi likiwa gumu sana kwenye njia zile linakurusha. Njia za magari zimefanya mawimbi, yale madogo madogo ambayo hata dereva wa lori huku kwetu anayalaani. Nyuma yetu kulikuwa na gari la Kirusi, UAZ, Wamongolia wanaliita furgon. Humo ndimo kulikuwa na maji, chakula, magurudumu ya akiba na makoti ya mvua.

BARAKA: Mlikuwa mnaelekea wapi?

ZUHURA: Kaskazini, hadi Khöshöö Tsaidam, kwenye mawe ya maandishi ya Waturuki wa kale. Ni kama kilomita 45. Iko barabara ya lami mpaka pale, lakini mwongozaji alituacha tuione kwa mbali tu. Sisi tulishika njia za vumbi.

BARAKA: Kilomita 45 kwa mwendesha baiskeli si nyingi.

ZUHURA: Kwenye ramani si nyingi. Upepo ndio unaobadilisha hesabu. Hakuna mti wala nyumba ya kukukinga, na ukiwa unakupiga usoni unakanyaga giya nyepesi kwenye tambarare kana kwamba unapanda mlima. Tulikuwa tunapangana mstari, wa mbele anakata upepo, akichoka anashuka nyuma. Kimo chenyewe si cha kuogofya, Kharkhorin iko chini kuliko Nairobi. Hewa kavu ndiyo inayochosha. Jasho linakauka kabla hujaliona, kwa hiyo usingojee kiu ndipo unywe.

BARAKA: Jambo ulilonidokeza zaidi ni hili la uzio. Ulisema umeendesha siku nzima bila kuona uzio.

ZUHURA: Ni kweli. Na hapo nataka tukae kidogo, kwa sababu picha za Mongolia zinadanganya. Mtu anaona kijani mpaka upeo wa macho, anasema hapa hapana mwenyewe, naweza kupita nitakavyo. Katiba yao ya mwaka 1992 inasema ardhi inaweza kumilikiwa na raia, lakini malisho hayaingii humo. Malisho hayawi mali ya mtu binafsi. Ndiyo maana hakuna uzio. Lakini kukosa uzio si kukosa wenyewe. Kila bonde lina familia zinazojulikana, zina kambi ya kiangazi, ya vuli, ya baridi na ya masika, na majirani wanajua nani anahamia wapi na lini.

BARAKA: Na mgeni atajuaje?

ZUHURA: Hajui! Hiyo ndiyo kazi ya mwongozaji, na mimi ndiyo kazi niliyomlipia, hata kama karatasi ilisema ni ya baiskeli. Kuna mahali tulikuta mazizi ya mawe na mbao chini ya kilima, matupu, hakuna hata mbuzi. Mwenzetu mmoja akapendekeza tupumzike mle ndani, tujikinge na upepo. Mwongozaji akakataa kwa upole. Ile ni kambi ya baridi. Wenyewe wako juu na mifugo, wanaiacha nyasi ya pale ipumzike mpaka theluji ije. Hata samadi iliyokauka humo ina mwenyewe, maana ndiyo kuni zao. Kule miti ni ya kutafuta, jiko linawaka kwa samadi.

BARAKA: Kumbe panapoonekana pametelekezwa ndipo pametunzwa.

ZUHURA: Ndiyo. Na vivyo hivyo kwenye njia. Gari likiona njia imechimbika, dereva anahama pembeni, anatengeneza nyingine. Mwingine anahama tena. Unakuta njia saba, nane, zimelala sambamba kama mistari ya kiganja, na katikati yake nyasi imekufa. Mwongozaji alitukataza kabisa kutoka njia iliyopo, hata pale ilipokuwa na mawimbi na pembeni kulikuwa laini kama zulia.

BARAKA: Tairi la baiskeli lina uzito gani mpaka liumize nyasi?

ZUHURA: La baiskeli moja ni dogo, gari linaumiza zaidi, hilo sikatai. Lakini fikiria nyasi ile ina muda gani. Majira ya kuota ni mafupi sana, miezi michache tu, kisha baridi inaingia. Mnyama anatakiwa anenepe ndani ya muda huo, kwa sababu mafuta ya kiangazi ndiyo yatakayomvusha. Wana neno, dzud. Ni msimu wa baridi unaoua mifugo kwa makundi. Theluji inakuwa nene au inaganda kuwa barafu juu ya nyasi, mnyama anaikwangua kwato mpaka anachoka, anakufa njaa amesimama juu ya chakula. Baridi ya 2023 kuamkia 2024 iliua zaidi ya mifugo milioni 7. Ikitangulia kiangazi kibovu chenye nyasi haba, hali inakuwa mbaya zaidi. Kwa hiyo mfugaji akikuona unakata njia mpya kwenye malisho yake, hakuoni wewe na baiskeli tu, anaona Februari.

BARAKA: Hapo nimeelewa. Mbwa je? Maana mimi na mbwa na baiskeli…

ZUHURA: Mbwa wapo, wakubwa, manyoya mengi, kazi yao ni kupambana na mbwa mwitu. Kitu kinachokwenda mbio karibu na kondoo kwao ni adui. Sheria tuliyopewa ni moja: usijaribu kumshinda mbio. Shuka, weka baiskeli katikati yako na yeye, simama, na upaze sauti, "Nokhoi khor!" Maana yake, shikeni mbwa. Ndivyo wenyewe wanavyobisha hodi wakikaribia hema, hata kama mbwa hayupo. Akitoka mtu, mbwa anatulia. Na kama umeng'atwa hata kidogo, unakwenda hospitali, kichaa cha mbwa kipo kule.

BARAKA: Na mashimo? Nimesikia kuna wanyama wanachimba.

ZUHURA: Marmoti, kule wanaitwa tarvaga. Ni kama pimbi aliyenenepa, anachimba shimo ambalo gurudumu la mbele linazama lote. Angalia kichuguu cha udongo, mara nyingi nyasi ya kukizunguka ina kijani tofauti. Na usimguse, akiwa hai au amekufa, kwa sababu anaweza kubeba tauni. Hilo wanalisema kwa uzito.

BARAKA: Mchana mlikula wapi?

ZUHURA: Kwenye ger, hema la duara la sufu iliyoshindiliwa, kwa familia ambayo mwongozaji alikuwa amewapigia simu tangu jana yake. Mlango unatazama kusini. Unavuka kizingiti bila kukikanyaga, unazunguka kushoto, wageni wanakaa upande wa magharibi, na hupiti katikati ya zile nguzo mbili zinazoshika paa. Ukipewa bakuli unapokea kwa mkono wa kulia, wa kushoto unashika kiwiko. Mimi hapo nilijiona niko nyumbani, maana hata sisi tumelelewa kupokea kwa kulia.

BARAKA: Walikupa nini?

ZUHURA: Suutei tsai kwanza, chai ya maziwa yenye chumvi badala ya sukari. Kwa mtu aliyetoka jasho asubuhi nzima, chumvi ile ni dawa, niliomba tena. Kisha aaruul, maziwa ya mgando yaliyokaushwa juani mpaka yakawa magumu kama jiwe, unamung'unya taratibu. Nilitia mfukoni, yakanisaidia njiani. Wenzangu walikula khuushuur, chapati za nyama za kukaanga, moto kabisa.

BARAKA: Wewe hukula nyama.

ZUHURA: Sikula, na Waislamu wanaotusikiliza walishike hili. Wamongolia wengi wanachinja kwa njia yao, wanapasua kidogo kifuani, wanaingiza mkono na kukata mshipa mkuu kwa ndani, damu isimwagike ardhini. Wanaiona ni njia ya heshima kwa mnyama, lakini si halali kwetu. Nilisema mapema kabla ya safari, nikapikiwa wali, mboga na mayai bila usumbufu. Vilevile kuna airag, maziwa ya farasi yaliyochachuka, yana kilevi kidogo. Likija bakuli usilisukume. Pokea, shukuru, gusisha mdomo au lirudishe kwa mikono miwili, na mwongozaji ataeleza. Hakuna aliyenuna.

BARAKA: Farasi anakamuliwa?

ZUHURA: Kiangazi, kila baada ya saa mbili hivi. Watoto wa farasi wanafungwa mchana kwenye kamba ndefu iliyolazwa chini, mama zao hawaendi mbali. Ukiiona kamba ile, shuka, sukuma baiskeli, zunguka mbali. Ukiwashtua wakakimbia, umeharibu kazi ya siku ya mama mmoja.

BARAKA: Mvua haikuwagusa?

ZUHURA: Alasiri ilikuja. Kule unaiona ikitembea, pazia jeusi bonde la pili, nawe bado uko juani. Mwongozaji alitazama mara moja akaita furgon. Nyikani wewe na chuma chako ndio mmesimama juu kuliko kila kitu, na radi haichagui. Tuliingia garini, ikapiga mvua na mawe ya barafu, tukangoja ipite ndipo tukaendelea. Anayesema kungoja garini ni kushindwa hajafikiri vizuri.

BARAKA: Na huko mwisho, hayo mawe?

ZUHURA: Baraka, jiwe la Kul Tigin lina kimo cha zaidi ya mita 3. Lilisimamishwa mwaka 732 kumkumbuka mwana wa mfalme, kwa amri ya kaka yake, Bilge Khagan, aliyekuwa mfalme wa Waturuki hao. Pande tatu Kituruki, upande wa nne Kichina. Dunia ilishindwa kuyasoma maandishi yale mpaka Mdenmark, Vilhelm Thomsen, alipoyafumbua mwaka 1893. Moja ya maneno ya kwanza aliyotambua ni Tengri, mbingu. Sasa jiwe limewekwa ndani ya makumbusho, halipigwi tena na upepo. Mtu anayefika kwa gari anashuka, anapiga picha, anaondoka. Sisi tuliofika tumechoka tulikaa mbele yake muda mrefu. Upepo ule ule ulikuwa umetupiga kutwa, na jiwe liliuvumilia zaidi ya miaka 1,000.

BARAKA: Usiku haukuwakuta njiani?

ZUHURA: Mwishoni mwa Juni jua linazama baada ya saa tatu usiku. Tulikuwa na mwanga wa kutosha kufika, kutazama, na kupakia baiskeli bila haraka.

BARAKA: Mtu wa Dar au Mombasa aende lini, na abebe nini?

ZUHURA: Juni hadi mapema Septemba. Kama unataka na sherehe za Naadam, mieleka, mishale na mbio za farasi, ni Julai 11 hadi 13, lakini panga mapema, wageni ni wengi. Kutoka huku unaweza kupitia Istanbul. Uwanja wa ndege uko kama kilomita 50 nje ya Ulaanbaatar, usihesabu kwamba utafika mjini mara moja. Baiskeli ya kukodi inatosha. Beba kofia yako ngumu, pedali zako kama umezizoea, glavu, mafuta ya jua, miwani ya kuzuia vumbi, na koti la mvua hata kama umeamka na anga safi. Na kabla ya kulipa, muulize mwongozaji mchana mtakula kwa nani. Kama ana familia anayoifahamu, atakujibu papo hapo. Akianza kuzungukazunguka, tafuta mwingine.

BARAKA: Wenye maswali ya giya na tairi, yatumeni, dada Zuhura atayajibu kipindi kijacho.