Joka la Wawel na Ndugu Wawili

Mabibi na mabwana, na ninyi watoto mlioketi hapa mbele, asanteni kwa kuja.

Mwombe mtoto wa Kraków, kule Polandi, akutolee ngano ya mji wake. Atakuhadithia joka lililoishi pangoni chini ya kilima cha Wawel, kando ya mto Wisła, likila mifugo ya watu. Mashujaa walilifuata na panga, hawakurudi. Ndipo fundi viatu mmoja, Skuba, akachukua ngozi ya kondoo, akaijaza kiberiti, yaani salfa, akaishona na kuitega mlangoni mwa pango. Joka likameza. Tumbo likawaka, likakimbilia mtoni, likanywa, likanywa, mpaka likapasuka!

Kwa mtu anayetaka kutengeneza filamu ya familia, hii ni zawadi. Hata pango lipo, unalishukia kwa ngazi, na nje yake kuna sanamu ya joka inayotema moto wa kweli, kazi ya Bronisław Chromy, iliyowekwa mwaka 1972.

Lakini nimekuja kutetea kipande kinachoachwa. Fundi viatu aliingia baadaye, katika maandishi ya karne ya 16. Kabla yake, Wincenty Kadłubek, askofu wa Kraków aliyefariki mwaka 1223, aliandika kwamba walioliua joka ni wana wawili wa mtawala Krak. Hila ni ileile, ila ngozi zilikuwa za ng'ombe. Joka lilipokufa, mdogo akamuua kaka yake, kisha akalisingizia joka. Baba akampokea kama shujaa. Akaja kutawala, siri ikafichuka, akafukuzwa nchini maisha. Utawala ukamfikia dada yao, Wanda.

Huambiwa kwamba haya ni mazito mno kwa watoto. Sikubali hata kidogo. Mtoto mwenye ndugu anaujua wivu kabla hajajua kusoma. Joka atalitazama akicheka. Ni huyu kijana anayerudi peke yake atakayemfanya aushike mkono wa mama yake. Wala damu haihitajiki.

Filamu hiyo ningeipitisha machoni pa Wanda. Ningemsimamisha langoni, anatazama njia. Waliondoka wawili, anarudi mmoja. Mji mzima unashangilia, vigelegele kila upande, naye bado anatazama nyuma ya mabega ya yule mdogo, anamsubiri mwingine.