Nani Yuko Mbele ya Nani? Mgogoro wa Ukuu Kazini katika Utumishi wa Umma wa India

Waheshimiwa na ndugu wasikilizaji,

Wengi wetu tukisikia habari za nafasi zinazotengewa matabaka yaliyodhulumiwa nchini India hudhani kwamba ugomvi ni wa kuingia kazini. Ugomvi huo upo, lakini ule uliowashughulisha majaji kwa zaidi ya miaka 25 uko ndani ya ofisi, nao unahusu orodha ya ukuu kazini, yaani karatasi inayoonyesha nani yuko mbele ya nani siku cheo cha juu kinapokuwa wazi.

Tuwatazame gadi wa treni. Katika shirika la reli, gadi alipanda kutoka daraja C kwenda B, kisha A, kisha A Maalumu, na alipandishwa kwa kufuata ukuu, mradi asionekane kuwa hafai. Chukueni mfano wa watu wawili walioajiriwa daraja C, mmoja akiwa wa 5 katika orodha na mwenzake, ambaye ni Mdalit, yaani mtu wa matabaka yaliyoitwa yasiyoguswa, akiwa wa 20. Nafasi ya daraja B inapoangukia kwenye namba iliyotengewa matabaka hayo, huyu wa 20 hupanda na wa 5 hubaki. Baada ya miaka miwili wa 5 naye anafika B. Sasa daraja A lina nafasi, aitwe nani? Mambo yakienda hivyo ngazi baada ya ngazi, matokeo hujilimbikiza: katika kesi ya Virpal Singh Chauhan, malalamiko yalikuwa kwamba watu 33 walifikiriwa kwa nafasi 11 za daraja la juu, na wote 33 walitoka katika makundi yaliyotengewa nafasi.

Mwezi Oktoba 1995 Mahakama ya Juu iliwapa haki gadi waliolalamika, kwamba aliyetangulia daraja la chini, akimfikia mwenzake juu, anarudi mbele yake. Mwaka 1999 majaji watano waliithibitisha kanuni hiyo katika kesi ya Ajit Singh. Bunge, ambalo lilikuwa limekwisha kuirekebisha Katiba mwaka 1995 ili nafasi ziweze kutengwa hata katika kupandisha vyeo, liliirekebisha tena mwaka 2001 kwa marekebisho ya 85, likatamka kwamba anayepandishwa kwa nafasi iliyotengwa anapanda pamoja na ukuu wake, tena kuanzia tarehe 17 Juni 1995.

Katika hili mimi nasimama na Bunge. Ukimpa mtu cheo ukamnyima tarehe ya cheo hicho, umemzuia hapo hapo alipofika, kwa kuwa ngazi inayofuata inahesabiwa kwa tarehe, na ofisi za juu zitabaki mikononi mwa wale wale waliozishika tangu zamani. Hata hivyo sikubali kwamba malalamiko ya yule wa 5 ni choyo. Yeye binafsi hakumdhulumu mtu, naye anaona aliyeanza kazi nyuma yake akiwa mkubwa wake, pengine ndiye anayeandika taarifa ya utendaji wake ya kila mwaka. Mtu huyu anastahili kuonyeshwa, kwa hesabu, kwa nini Serikali imemweka nyuma.

Hilo ndilo Mahakama ya Juu ililodai mwaka 2006 katika kesi ya Nagaraj: marekebisho ya Katiba ni halali, lakini jimbo likitaka kuyatumia lilete takwimu zinazoonyesha kwamba kundi husika ni wachache mno katika vyeo hivyo. Majimbo hayakuhesabu. Uttar Pradesh ilishindwa mwaka 2012 kwa sababu hiyo. Karnataka ilishindwa mwezi Februari 2017, ikaamriwa kuzipanga upya orodha za ukuu ndani ya miezi mitatu. Na hapo hasara iliwaangukia watumishi waliopanda kwa kufuata sheria iliyokuwapo, ilhali uzembe ulikuwa wa serikali yao. Baadaye jimbo hilo liliunda kamati ya kukusanya takwimu, likatunga sheria mpya mwaka 2018, nayo ikakubaliwa mahakamani tarehe 10 Mei 2019.

Utulivu haukudumu. Tarehe 28 Januari 2022, katika kesi ya Jarnail Singh, Mahakama ilisema kwamba hesabu ifanywe kwa kila kada, yaani kila kundi la vyeo vya aina moja, peke yake, wala si kwa utumishi mzima au kwa makundi ya kada, na kwamba uamuzi wa 2019 ulikosea ulipokubali hesabu ya makundi. Lakini ilipoombwa itaje kipimo cha uchache, yaani ni wangapi wakiwapo ndipo isemwe wanatosha, ilikataa na kuyaachia majimbo yaamue.